Wagner Moura au Lázaro Ramos: uanze na nani?

Ukitaka kuiingia sinema ya Brazil kwa kumfuata mwigizaji mmoja, majina mawili hujitokeza mapema: Wagner Moura na Lázaro Ramos. Wote ni watoto wa Salvador, Bahia. Moura alizaliwa Juni 1976, Ramos Novemba 1978. Mwaka 2000 walipanda jukwaa moja katika mchezo wa A Máquina ulioongozwa na João Falcão, na baada ya hapo njia zao zimepishana na kukutana mara nyingi: wamecheza filamu kadhaa pamoja, wameongozwa na waongozaji walewale, na kila mmoja amekaa pia nyuma ya kamera.

Kwa sababu hiyo ni rahisi kuwaweka kapu moja na kusema "wote wanajua kuvaa uhusika", kisha mambo yakaishia hapo. Lakini upana wao haufanani. Moura ni mpana kutoka kazi moja hadi nyingine: hubadilisha mwili, lafudhi, hata lugha, na ukimtazama katika filamu moja tu bado hujamwona. Ramos ni mpana ndani ya kazi moja: katika saa mbili mtu yuleyule atakuwa mpole, mkali, mwongo, mchekeshaji na mwenye kuumia, bila kubadilisha hata koti. Ukikubali tofauti hiyo, kuchagua kunakuwa rahisi. Mwenye usiku mmoja aanze na Ramos. Mwenye wiki nzima aanze na Moura, na asiishie filamu ya kwanza.

Walikopikwa

Moura alikulia Rodelas, mji mdogo wa ndani ya jimbo la Bahia, mbali na pwani, akarudi Salvador na kusomea uandishi wa habari katika chuo kikuu cha shirikisho cha huko. Alikuwa tayari anaigiza jukwaani, na jukwaa hajaliacha: mwaka 2008 alikuwa Hamlet chini ya Aderbal Freire-Filho. Ramos alitoka Bando de Teatro Olodum, kundi la waigizaji weusi la Salvador lililozaliwa mwaka 1990, ambalo kazi zake hujengwa na waigizaji wenyewe kutokana na maisha ya mitaa ya Pelourinho, eneo la kale la Salvador. Alijiunga nalo akiwa kijana mdogo, na kwa muda alikuwa akifanya kazi ya ufundi wa maabara huku akiigiza.

Hili lina maana kwa mtazamaji. Katika kundi kama Bando hakuna stelingi mmoja. Unajifunza kusikiliza, na kumpa mwenzako nafasi. Ndiyo maana Ramos hata akiwa amenyamaza pembeni macho yanamfuata. Moura husogea kama mtu anayekwenda kutafuta habari: anamchunguza mhusika kwa nje kwanza, namna anavyotembea na anavyotamka, halafu ndipo anaingia ndani.

Mwongozaji mmoja, waigizaji wawili

Njia safi zaidi ya kuwapima ni kutazama kazi zao mbili chini ya Karim Aïnouz, mwongozaji wa kutoka Fortaleza. Mwaka 2002 alimchukua Ramos, ambaye wakati huo sinema haikumjua sana, akampa Madame Satã. Mwaka 2014 akamchukua Moura, ambaye Brazil nzima ilikwisha kumjua, akampa Praia do Futuro.

Madame Satã inamhusu João Francisco dos Santos, mtu wa kweli aliyezaliwa Pernambuco mwaka 1900 na kuishi Lapa, mtaa wa burudani na uhuni wa Rio. Alikuwa mpishi, mpiganaji wa capoeira, mwizi, mfungwa wa mara kwa mara, mwanamume aliyependa wanaume hadharani, na msanii aliyetamani jukwaa kuliko kitu kingine. Jina la Madame Satã alilipata baada ya vazi lake la kanivali. Filamu inaanza na uso wake uliovimba kwa kipigo, unatukabili moja kwa moja, huku sauti ikisoma maelezo ya kipolisi juu yake: hana kazi, hana elimu, tabia mbaya. Ramos hafanyi chochote. Anapumua tu na kutazama. Lakini sauti ikiendelea kusoma unaanza kuona kwamba karatasi ile inamsema mtu mwingine kabisa, na kwamba mwenye uso huo analijua hilo kuliko wewe. Toka hapo hadi mwisho anabadilika kila dakika tano: anamfokea mwenzake, anambembeleza mtoto, anapiga watu, kisha anaimba akiwa na pambo la shanga usoni. Yote hayo ni mtu mmoja, na hakuna mahali unapoona mshono.

Katika Praia do Futuro, Moura ni Donato, mwokoaji wa pwani huko Fortaleza anayeshindwa kumwokoa mtu mmoja aliyezama, kisha anamfuata rafiki wa marehemu, Mjerumani aitwaye Konrad, hadi Berlin, akiacha nyuma mama na mdogo wake. Hapa Moura ananyimwa silaha zake za kawaida: maneno ni machache na hasira hakuna. Ni kazi yake iliyo kimya kuliko nyingi, na wengi walioijia wakitarajia yule kapteni wa polisi wa Tropa de Elite, tutakayemkuta hapa chini, waliondoka wamechanganyikiwa. Tatizo si filamu, ni mpangilio. Ukiitazama ya kwanza utasema ni mwigizaji baridi. Ukiitazama baada ya kumwona akifoka katika filamu nyingine, utaelewa kwamba baridi ile imetengenezwa: mabega yaliyokuwa yamekaza sasa yameshuka, na mtu aliyekuwa akiamrisha sasa hajui aweke wapi mikono.

Zote mbili zina matukio ya mapenzi yaliyo wazi, na Madame Satã ina damu pia. Usizifungue sebuleni watoto wakiwepo.

Mwaka 2007 wa Moura

Kama unataka kuona upana wa Moura bila kukisia, chukua mwaka 2007 peke yake. Katika Ó Paí, Ó ya Monique Gardenberg ni Boca, mjanja wa mtaani mwenye ubaguzi. Katika Saneamento Básico, o Filme ya Jorge Furtado ni Joaquim, mwanakijiji wa kusini mwa nchi anayevalishwa vazi la zimwi. Katika tamthilia ya Paraíso Tropical ni Olavo, mtu wa ofisini mwenye suti nzuri na roho mbaya, na watazamaji wakampenda hivyohivyo. Na Oktoba mwaka huohuo ikaingia sinema Tropa de Elite ya José Padilha, ambamo ni Kapteni Nascimento wa BOPE, kikosi maalumu cha polisi wa Rio.

Kwa Nascimento, angalia vitu vitatu. Cha kwanza ni lafudhi: Moura ni Mbahia, lakini hapa "s" ya mwisho wa silabi anaitamka "sh" kama watu wa Rio, na maneno yanatoka yamekatwa kama amri. Cha pili ni mwili. Waigizaji walipitishwa kwenye mazoezi ya watu waliowahi kuwa polisi wa kikosi hicho na ya mkufunzi Fátima Toledo, anayejulikana kwa kuwasukuma waigizaji hadi hisia zitoke bila kupangwa. Cha tatu ni hofu iliyo chini ya yote hayo: mke wa kapteni ana mimba, yeye anapata vipindi vya kushikwa na woga ghafla, mkono unatetemeka, na anatafuta mtu wa kumrithi ili aondoke. Ukiiona hofu hiyo, filamu inabadilika yote.

Wengi hawakuiona, na kuna sababu ya kiufundi. Katika muswada, stelingi alikuwa Matias, polisi mweusi anayesoma sheria, aliyechezwa na André Ramiro. Ni katika uhariri ndipo filamu ilipojengwa upya ikasimuliwa na Nascimento. Sauti inayokuongoza toka mwanzo ikawa ya mtu anayetesa watu, na sauti ya msimulizi hushawishi hata pale isipostahili. Kwa hiyo filamu ikashangiliwa na watu waliodhani inausifu ukatili ule. Ilivuja mapema, nakala za magendo zikauzwa mitaani Brazil kabla haijafika sinema, kisha mwaka 2008 ikatwaa Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin.

Dawa ni kutazama Tropa de Elite 2 ya mwaka 2010 ndani ya siku hizohizo. Nascimento amepanda cheo na kuingia ofisini, ameachana na mkewe, mtoto wake analelewa na mwanasiasa mtetezi wa haki za binadamu anayemchukia, na anagundua kwamba aliposafisha mitaa aliwafungulia njia polisi wanaowatoza wananchi kwa nguvu. Moura hapa anakaa zaidi, anaongea taratibu zaidi, na mvi zinaonekana. Ni mtu yuleyule aliyeanza kuelewa. Filamu hiyo iliuza tiketi zaidi ya milioni 11, rekodi ya filamu ya Kibrazili kwa wakati ule. Ukitazama ya kwanza pekee, umesoma nusu ya barua.

Ramos na mashine ya fotokopi

Upande wa Ramos, mlango mzuri kuliko yote ni O Homem que Copiava ya mwaka 2003, ya Jorge Furtado, hasa kwa mtu asiyewahi kutazama filamu ya Kibrazili. André ni kijana wa Porto Alegre anayefanya kazi ya kutoa fotokopi. Anaishi na mama yake, anachora, na usiku anamchungulia kwa darubini Sílvia, msichana anayefanya kazi duka la nguo. Anataka kumkaribia, na sababu anayoweza kuibuni ni kununua kitu dukani kwake. Vazi la kuvaa nyumbani linagharimu reais 38, fedha ya Brazil. Hana. Kazini imeletwa mashine mpya ya rangi, na mfukoni mwa mtu kuna noti ya reais 50. Kuanzia hapo mambo yanaviringika.

Angalia Ramos anavyoibeba. Karibu nusu saa ya mwanzo ni sauti yake tu, akieleza maisha yake kwa vipande alivyovisoma kwenye karatasi anazozitoa nakala: shairi nusu, historia nusu, kwa sababu mteja hakumpa muda wa kumaliza ukurasa. Sauti ile ni ya mtu mwerevu aliyekosa nafasi, na Ramos haiombei huruma hata mara moja. Kwenye kaunta ya supamaketi, akipiga hesabu ya nini arudishe kwa kuwa hela haitoshi, anatumia sauti ileile ya utulivu atakayoitumia baadaye akipanga uhalifu. Hapo ndipo ustadi wake ulipo. Mchekeshaji, mpenzi na mhalifu hawapokezani zamu. Wamo ndani ya sentensi moja.

Kwa upande wa runinga, Ramos alikuwa Foguinho katika Cobras & Lagartos ya mwaka 2006, maskini anayejikuta na urithi usio wake, na kazi hiyo ilimpa uteuzi wa mwigizaji bora katika Emmy za kimataifa mwaka 2007. Baadaye akacheza Mister Brau, kuanzia 2015, pamoja na mkewe Taís Araújo, ambaye watazamaji wa nchi nyingi wanamkumbuka kama Preta wa Da Cor do Pecado. Tamthilia ni ndefu mno kwa mtu anayeanza. Ziache.

Wakikaa fremu moja

Cidade Baixa ya Sérgio Machado, ya mwaka 2005, ndiyo inayowapa uzito sawa. Deco (Ramos) na Naldinho (Moura) ni marafiki toka utotoni, wanamiliki boti moja na kubeba mizigo kwenye maji ya Bahia. Wanampakia Karinna (Alice Braga), anayetaka kufika Salvador, na wote wawili wanampenda. Kwenye mapigano ya majogoo ugomvi unazuka, Naldinho anachomwa kisu, na deni la damu linaingia juu ya deni la mapenzi. Moura anacheza kwa kutoka nje: anaiba, anakimbia, anapaza sauti. Ramos anacheza kwa kuingia ndani: anarudi ulingoni kupigana ngumi na maneno yake yanazidi kupungua. Ukitaka kujua wewe ni wa nani kati ya hawa wawili, filamu hii itakujibu.

Ó Paí, Ó ina tukio moja linalofaa kutazamwa peke yake hata kama huna muda wa filamu nzima. Roque (Ramos) na Boca (Moura) wanagombana siku ya kanivali, na Boca anageuza ugomvi kuwa matusi ya rangi. Roque anamjibu kwa maneno yaliyotoholewa kutoka kwa Shylock, Myahudi wa Mabepari wa Venisi ya Shakespeare: mweusi hana macho? Hana mikono? Moura anafanya kazi ngumu na isiyo na shukrani, ya kuwa mtu wa kuchukiwa kikweli bila kuchekesha, ili mwenzake apate ukuta wa kuugonga. Waigizaji wasioaminiana hawawezi kucheza tukio lile.

Saneamento Básico ni ya kufurahi. Kijiji kinataka kutibu maji taka, halmashauri haina fungu la kazi hiyo ila ina reais 10,000 za kutengenezea filamu fupi ya kubuni, basi wanakijiji wanatengeneza filamu ya zimwi ili wapate pesa. Moura yumo toka mwanzo. Ramos anaingia baadaye kama Zico, mhariri wa video anayejiona fundi mkubwa. Ni ya kutazama na familia.

Nyuma ya kamera

Hapa wanakaribiana ajabu. Moura aliongoza Marighella, juu ya Carlos Marighella wa Salvador, mwanasiasa na mpiganaji aliyeuawa na polisi São Paulo Novemba 1969. Ilioneshwa Berlin Februari 2019, lakini sinema za Brazil zikaipata Novemba 2021. Ramos aliongoza Medida Provisória, iliyoanza kuoneshwa kwenye matamasha mwaka 2020 na kuingia sinema za Brazil Aprili 2022. Hii inatoka kwenye mchezo wa Aldri Anunciação ambao Ramos aliuongoza pia jukwaani: serikali ya Brazil ya siku zijazo inatoa amri kwamba raia weusi "warudishwe" Afrika, kwa jina la fidia ya utumwa. Seu Jorge yumo katika zote mbili.

Kama mwongozaji, Moura ana kamera inayokimbia na kupumua juu ya bega la mtu. Nguvu ipo, ila saa mbili na nusu zinachosha mahali pengine. Ramos ni mwepesi zaidi, anaanza kwa kicheko na kukifuta taratibu. Kwa msomaji wa Afrika, Medida Provisória ina swali linalotugusa moja kwa moja: bara hili linakuwa nini machoni pa mtu anayetishiwa kuletwa huku kama adhabu?

Moura ugenini, na kurudi kwake

Ramos amebaki Brazil kwa sehemu kubwa. Moura alitoka. Alikuwa Spider katika Elysium (2013), kisha Pablo Escobar, mkuu wa dawa za kulevya wa Medellín, Kolombia, katika tamthilia ya Narcos (2015 na 2016), ambako Padilha yuleyule alikuwa miongoni mwa watayarishaji wakuu. Kihispania hakukijua. Alikwenda Medellín mapema kukisoma, akaongeza karibu kilo 20, na kazi hiyo ikampa uteuzi wa Golden Globe. Wakolombia wengi walilalamikia lafudhi yake, na masikio yao hayakuwadanganya: Kireno kinasikika chini ya Kihispania kile. Lakini tazama namna anavyovuta suruali juu ya tumbo, anavyotembea kama mtu asiye na haraka kwa kuwa kila mtu atamsubiri. Mwili umekamilisha kilichoukwaza ulimi. Katika Civil War (2024) ni Joel, mwandishi wa habari, na taaluma aliyoisomea inaonekana mikononi.

Kazi yake kubwa kuliko zote, kwa maoni yetu, ni O Agente Secreto ya Kleber Mendonça Filho, iliyompa tuzo ya mwigizaji bora Cannes mwaka 2025. Ni Recife ya mwaka 1977, wakati wa kanivali, chini ya utawala wa kijeshi. Mwalimu aliyejificha kwa jina jingine anajaribu kumpata mwanawe na kutoka nchini. Jina la filamu lisikudanganye: hakuna jasusi wa bastola na magari. Ina zaidi ya saa mbili na nusu na haina haraka. Hapa Moura amejifunza kufanya alichokuwa akikifanya Ramos toka Madame Satã: kukaa, kusikiliza, na kuacha woga uonekane kwenye jicho tu.

Basi, chagua hivi

Usiku mmoja, mgeni kabisa wa Brazil: O Homem que Copiava. Unataka kitu kizito na uko tayari kwa hilo: Madame Satã. Unapenda filamu za polisi: Tropa de Elite zote mbili, kwa mpangilio, bila kuruka. Mnatazama wawili na mnabishana nani mkali: Cidade Baixa. Mna watoto: Saneamento Básico. Umekwisha kumwona Moura katika kazi mbili tatu na una subira: O Agente Secreto, halafu Praia do Futuro.

Mambo manne huharibu. La kwanza ni nakala zilizotafsiriwa juu kwa sauti, ziwe za studio au za madijei wetu wa mitaani. Kwa filamu ya mapigano hazina shida, lakini kazi nusu ya Moura iko kwenye lafudhi na karibu yote ya André iko kwenye sauti. Chukua Kireno chenye maandishi chini. La pili ni majina ya kimataifa: ukitafuta, Cidade Baixa huitwa Lower City, Tropa de Elite ni Elite Squad, na Madame Satã haibadiliki. Cidade Baixa si Cidade de Deus, filamu nyingine maarufu ya Brazil, ingawa Alice Braga yumo katika zote. La tatu ni filamu iitwayo Sergio: zipo mbili za mwongozaji mmoja, Greg Barker. Ya 2009 ni ya kumbukumbu, haina mwigizaji. Ya 2020 ndiyo yenye Moura akiwa Sérgio Vieira de Mello wa Umoja wa Mataifa. La nne ni Narcos: Moura yumo misimu miwili ya kwanza, vipande 20. Msimu wa tatu ni habari ya genge la dawa za kulevya la Cali, na yeye hayumo.